SITARA YA MSAFIRI

Bismillahi Rrahmani Rrahim. Sifa njema zote ni za Mwenyezi Mungu, na rehema na amani zimshukie Mtume wake Muhammad, na jamaa zake na masahaba zake. Ama baad.

Jueni, enyi Waislamu wa Nyakato na Musoma, ya kuwa katika Sura ya An-Nahl, aya ya 81, Mwenyezi Mungu ahesabu katika neema zake kuwa amewafanyia waja mahali pa kujisitiri milimani. Na Mtume wake, alipohama Makka mwaka 622, alijisitiri siku tatu katika pango la mlima Thaur, yeye na Abubakari.

Mfano wa neema hiyo uko Kilimanjaro, mlima wa mita 5,895. Huko juu usiku maji huganda, na wapagazi wamekufa kwa baridi. Njiani zimo nyumba za kulala wasafiri. Ya kwanza zamani iliitwa kwa jina la Bismarck, ya pili kwa jina la Peters. Huyu Carl Peters alitawala pande zile zamani za Wadachi, akaamuru mtumishi wake na mjakazi wake wanyongwe. Watu wakamwita Mkono wa Damu, na mwaka 1897 dola yake yenyewe ikamfukuza. Leo nyumba hizo zaitwa Mandara na Horombo, kwa majina ya wakuu wa Wachagga. Basi zingatieni: jina la dhalimu limeondoka, na msafiri angali apata sitara pale pale. Heshima ya nyumba si jina la mlangoni, ni kumpokea aliyepigwa na baridi.

Huenda mtu akasema, Nyakato hakuna barafu. Kweli, lakini iko mvua, na upepo wa ziwani, na mgeni aliyeshuka garini usiku naye hana mwenyeji. Huyo ndiye ibnu sabili, mmoja wa wanane wenye haki katika zaka, Sura ya At-Tauba, aya ya 60. Na katika madhehebu ya Imamu Shafi hupewa aliyekatikiwa na masurufu njiani, hata akiwa na mali kwao, maadamu safari yake si ya maasi. Basi apewacho ni haki yake, si hisani.

Ama hofu ya wezi, si uwongo, na tahadhari ni katika dini. Lakini tahadhari si kumsikia mtu akikohoa barazani, kisha kuongeza komeo. Na watoke majirani wawili watatu, wamwulize khabari zake, wampe mkeka na chakula cha moto. Na mwenye uwezo na aweke chumba wakfu kwa wasafiri; hiyo ni sadaka yenye kuendelea, thawabu zake humfikia mtu kaburini.

Ee Mola, wasitiri wanaowasitiri waja wako. Amin.