Je, Mwenye Sehemu Ndogo ni Mtu Mdogo?

Kila tugawapo sehemu za mchezo wa kuigiza, iwe hapa Dzaleka au kule Lilongwe, wanafunzi wote hutaka kuwa mfalme. Mtumishi wake hapatikani ila kwa amri ya mwalimu. Yafaa basi, ndugu walimu, tujiulize: je, mwenye sehemu ndogo ni mtu mdogo?

Tumtazame Sidede Onyulo, mwigizaji wa Kenya. Katika filamu ya Kijerumani Nirgendwo in Afrika, ya mwaka 2001, iliyoongozwa na Caroline Link, aliigiza Owuor, mpishi wa jamaa ya Kiyahudi iliyokimbilia Kenya kuepuka unyama wa Wanazi. Kisa ni cha wakimbizi hao. Owuor ni mhusika msaidizi tu. Lakini ndiye anayemuuguza Walter, baba wa jamaa, katika malaria, na ndiye anayemlea mtoto Regina katika lugha na desturi za nchi. Jettel, mke wa Walter, anapomdharau, Owuor hatukani wala hajidhalilishi. Nasi watazamaji twaupima utu wa Jettel kwa jinsi anavyomtendea mpishi. Bila msaidizi, mhusika mkuu hana mizani.

Filamu hiyo ilipata tuzo ya Oscar mwaka 2003, ikiwa filamu bora ya lugha ya kigeni. Onyulo alionekana tena katika The Constant Gardener, ya mwaka 2005. Hapo pia sehemu yake ilikuwa ndogo.

Wapo watakaosema kuwa kumsifu msaidizi ni kumbembeleza abaki jikoni. Hoja hiyo ina uzito. Katika kambi hii, iliyofunguliwa mwaka 1994, twajua thamani ya mwenyeji anayempokea mgeni; hata hivyo masimulizi ya safari humtaja kwa sentensi moja, kisha humsahau.

Kwa hiyo haki yadai mambo mawili: sehemu ndogo ichezwe kwa ukamilifu, na asifungiwe humo mtu yule yule daima. Mwalimu anayempa mtoto mmoja ufagio kila mwaka hafundishi unyenyekevu, bali hufundisha utabaka. Mafiga ni matatu, na hakuna lililoumbwa kukaa nyuma ya jiko.

Basi muhula ujao, aliyekuwa mfalme na ashike ufagio, na aliyeushika avae taji. Wote wawili watajifunza jambo ambalo taji peke yake halifundishi.