Nani Aliyemweka Bosi Mlangoni?

Vijana wanaoshinda kwenye mabanda ya gemu mjini Dodoma wana elimu isiyokuwamo katika mtaala wowote. Mchezaji mgeni akikutana kwa mara ya kwanza na bosi, lile jitu linalolinda mlango wa mwisho, hukimbilia kupiga. Hata nusu dakika haiishi, amekufa. Mwenzake wa benchi humshika bega: usipige kwanza, mtazame.

Ukimtazama, bosi huonekana ana mazoea. Kabla ya kushusha rungu huinua bega, kabla ya kutema moto huvuta pumzi. Mapigo yake huja kwa mpangilio, matatu ya haraka kisha moja zito, na baada ya lile zito hubaki wazi kwa sekunde moja au mbili. Mwanya ni huo. Ingia, piga mara mbili, usiitamani ya tatu, toka. Dawa usizimalize mapema, kwa sababu uhai wake ukifika nusu hubadilika na kuja na mapigo ambayo hujawahi kuyaona, nawe utaanza kujifunza upya. Mchezaji hufa mara 20, mara 40, na kila kifo humwachia jambo moja alilokuwa halijui.

Ndani ya ufundi huu kuna imani. Mchezaji anaendelea kufa na kurudi kwa sababu anaamini kwamba aliyemtengeneza bosi huyo aliacha njia. Mtu aliketi, akapima urefu wa kila pigo, akaweka ishara kabla yake, akahakikisha mnyama huyu anashindika. Bosi anaweza kuwa mkali kupita kiasi na bado akaheshimiwa. Anayeua bila kutoa ishara yoyote huhesabiwa kuwa gemu mbovu, na aliyeitengeneza ndiye hulaumiwa.

Mwaka 1998 kampuni ya Nintendo ilitoa The Legend of Zelda: Ocarina of Time. Karibu na mwisho wake mchezaji hukutana na Ganondorf, mchawi anayerusha tufe la nguvu kutoka juu. Tufe hilo hurudishwa kwa upanga, naye hulirudisha tena, hivyo hivyo, mpaka mmoja akose kulipiga kwa wakati wake. Ganondorf akishindwa hapo hugeuka dubwana, humpokonya mchezaji upanga kwa dharuba na kuutupa mbali, na udhaifu wake uko mkiani. Wenye macho wengi wametoka jasho mbele yake. Terry Garrett, Mmarekani aliyepoteza uwezo wa kuona akiwa mtoto, alitumia takriban miaka 5 kuimaliza gemu hiyo na akafika mwisho wake mwanzoni mwa mwaka 2016. Aliweka spika moja kushoto na nyingine kulia, akajifunza kwa sikio ukuta uko wapi na adui yuko wapi. Chombo cha kurusha chenye mnyororo alichopewa mhusika wake alikifanya fimbo nyeupe: alikirusha, akasikiliza kimegonga nini na kwa umbali gani.

Habari hiyo inastahili kusimuliwa Buigiri. Ukitoka Dodoma kwa barabara ya Morogoro, ukipita Chamwino, unafika kwenye kijiji hicho cha Ugogo kilichokuwa kituo cha wamisionari wa Kianglikana, na ndipo kanisa lilipofungua mwaka 1950 shule ya kwanza ya wasioona katika Tanganyika. Watoto hujifunza kusoma kwa ncha za vidole, kwa maandishi ya nukta nundu, na mpira wao huwa na kengele ndani ili usikike unakokwenda. Kwa zaidi ya miaka 70 shule hiyo imekuwa ikilijibu kwa vitendo swali ambalo makanisa, misikiti na vilinge vya wazee wamekuwa wakilijadili kwa maneno.

Swali lenyewe limo katika Injili ya Yohana, sura ya 9. Yesu na wanafunzi wake wanampita mtu aliyezaliwa kipofu, na wanafunzi wanataka kujua nani alitenda dhambi, yeye au wazazi wake. Inafaa kuona wamelielekeza wapi. Mtu yule ameketi pale pale, anasikia kila kitu, lakini hawamuulizi yeye. Anazungumziwa juu ya kichwa chake kama mzigo uliosahaulika stendi.

Waumini wengi leo hawatumii tena jibu la dhambi, angalau hadharani. Wamepata jibu la upole zaidi: ni mtihani. Mungu amekupa jaribu hili kwa sababu anajua utalishinda. Mwanafalsafa wa dini John Hick, Mwingereza, alilijenga wazo linalokaribia hilo kwa kina katika kitabu chake Evil and the God of Love cha mwaka 1966. Kwake dunia si bustani ya kustarehe, ni mahali roho zinapoundwa; na kama vile msuli haukui bila uzito, ujasiri na huruma havikui pasipo magumu. Kwa lugha ya banda la gemu, Mungu ndiye mtengenezaji, shida ndiyo bosi, na mwanya upo, mtu ajifunze tu kuusubiri.

Wazo hilo lina uzuri, na wapo waliovuka misiba mizito kwa kulishika. Lakini mtu akilichukua mpaka kwenye lango la shule ya Buigiri, linaanza kuyumba.

Kwanza, mchezaji wa gemu aliingia kwa hiari. Mwanafalsafa Bernard Suits aliandika mwaka 1978, katika The Grasshopper, kwamba kiini cha kucheza ni mtu kujitwika kwa ridhaa yake vikwazo ambavyo angeweza kuviepuka. Mtoto aliyepofuka hakujitwika chochote. Pili, mchezaji huanza upya. Jicho lililokwisha kuwa na kovu halianzi upya, wala mtoto aliyekufa. Gemu zenyewe zinaujua ukweli huo. Aprili 2024 studio ya Abubakar Salim, mwigizaji wa Uingereza mwenye asili ya Kenya, ilitoa Tales of Kenzera: ZAU, gemu inayoweza kuchezwa kwa sauti za Kiswahili. Kijana Zau anaweka mapatano na Kalunga, mungu wa mauti: amkamatie mizimu wakubwa watatu, na baba yake arudishiwe uhai. Mizimu hao ni mabosi kama mabosi wengine, kila mmoja na mwanya wake. Salim aliitengeneza gemu hiyo kutokana na majonzi ya kumpoteza baba yake mwenyewe, na ndiyo maana kila anayeicheza huhisi tangu mwanzo kwamba mapatano yale yanagusa kitu kisichopigika kwa upanga. Kumwambia aliyefiwa kwamba kifo ni bosi wa kushindwa ni kumwongezea jeraha.

Tatu, na hili ndilo zito kuliko yote, jibu la mtihani humwacha adui wa kweli apite.

Huko Ugogo adui huyo ana jina, na ametazamwa kwa makini. Hospitali ya Mvumi iko katika wilaya ya Chamwino, kama ilivyo Buigiri. Daktari wa macho Allen Foster alifanya kazi huko kuanzia katikati ya miaka ya 1970, na mwaka 1987, pamoja na Alfred Sommer, alichapisha utafiti juu ya watoto wa Tanzania waliopata vidonda vya kioo cha jicho. Kisababishi kikubwa kilikuwa surua, hasa inapomkuta mtoto aliyepungukiwa vitamini A, na baadhi walikuwa wametiwa machoni dawa za kienyeji zilizozidisha madhara. Upofu huo ulikuwa na njia yake ya kuja: surua, mwili dhaifu, kidonda, kovu. Palipokuwa na njia palikuwa na mwanya, nao ni chanjo, matone ya vitamini A na chakula.

Kwa watu wazima alikuwapo mwingine, trakoma, ambayo wengi huiita vikope. Inzi hutua kwenye tongotongo la mtoto mmoja, huruka hadi kwa mwingine, na bakteria husafiri naye. Ugonjwa ukirudi mara nyingi kwa miaka, kope hupata makovu, hujikunja kwa ndani, na nywele zake hukwaruza kioo cha jicho kila mtu anapopepesa, mpaka giza linaingia. Wanawake hupofuka kwa trakoma zaidi kuliko wanaume, kwa sababu wao ndio huwabeba watoto mchana na usiku. Uwanda wa kati, wenye mvua chache, ng'ombe wengi na visima vya mbali, ulimfaa adui huyu sana. Katika vijiji vya Kongwa watafiti walihimiza jambo dogo kabisa, kuosha nyuso za watoto, na matokeo yaliyochapishwa katika jarida la Lancet mwaka 1995 yalionyesha kuwa watoto ambao nyuso zao zilidumu safi walipatwa na trakoma kali kwa kiwango kidogo zaidi. Mpango wa kuishinda ukawa na sehemu nne: upasuaji wa kope, dawa, usafi wa uso na usafi wa mazingira. Tanzania ilikuwa miongoni mwa nchi tano za kwanza kupokea dawa ya msaada chini ya mpango huo.

Ni mbinu ile ile ya banda la gemu: mtazame, hesabu, tafuta mwanya. Ila hapa hakuna aliyempima bosi ili ashindike. Mwanya ulitafutwa na watu waliokataa kuridhika na maelezo kwamba hayo ni mapenzi ya Mungu. Na anayeirudia ile sura ya Yohana atakuta Yesu naye hakuridhika. Alilikataa swali la dhambi kwa pande zote mbili, kisha akatenda. Akatengeneza tope, akampaka yule mtu machoni, akamtuma akanawe katika birika la Siloamu. Baada ya hapo sura nzima ni usumbufu wa watu: majirani wanabisha kama ni yeye, wazazi wake wanaogopa kujibu, wakubwa wanamhoji mara mbili na mwisho wanamfukuza. Upofu ulimalizwa katika mistari michache. Jamii ndiyo iliyokuwa bosi wa muda mrefu.

Hapo ndipo wataalamu wa gemu wamekuwa wanatheolojia bila kukusudia. Garrett alishinda kwa bahati ya kukuta sauti ambazo hazikuwekwa kwa ajili yake. Mwaka 2020 studio ya Naughty Dog ilitoa The Last of Us Part II ikiwa na zaidi ya vipengele 60 vya kuwasaidia wachezaji wenye ulemavu, na miongoni mwa washauri wake alikuwa Brandon Cole, Mmarekani asiyeona. Maandishi husomwa kwa sauti. Kitufe kimoja humwelekeza mchezaji upande wa njia, na pigo la adui hutanguliwa na mlio ili mchezaji alikwepe. Mabosi wa gemu hiyo wanaendelea kuua bila huruma. Mchezaji asiyeona hakuomba wapunguzwe makali, aliomba ishara ya pigo imfikie na yeye. Tofauti hiyo ni kubwa, na wengi wanaotoa misaada hawajaiona: kumhurumia mtu kwa kumwondolea pambano ni jambo moja, kumfungulia mlango wa pambano ambalo wengine tayari wanalicheza ni jambo jingine kabisa.

Louis Braille aliyajua haya. Alijiumiza jicho kwa msharasi katika karakana ya baba yake akiwa na miaka 3, maambukizi yakamaliza na jicho la pili, na alipofika miaka 15 alikuwa amebuni nukta zinazosomwa Buigiri leo. Shule yake ya Paris iliwahi kuyapiga marufuku maandishi hayo. Ufaransa iliyakubali rasmi mwaka 1854, miaka miwili baada ya yeye kufa.

Waislamu wana kisa chao, tena kikali kuliko wengi wanavyokisimulia. Mtume Muhammad alikuwa akizungumza na wakubwa wa Makka, akitumaini watasilimu, akaingia kipofu, Abdullah bin Ummi Maktum, akitaka kufundishwa. Mtume akakunja uso na kugeuka. Sura ya 80, Abasa, inaanza na kisa hicho, na anayelaumiwa ndani yake si kipofu. Baadaye Ibn Ummi Maktum alikuwa mwadhini Madina pamoja na Bilal, na Mtume alipotoka mjini aliwahi kumwachia uongozi wa Madina zaidi ya mara moja. Katika sura hiyo haambiwi kwamba macho yake ni mtihani wake. Alipewa kazi.

Kwa hiyo jibu linalopatikana kwenye barabara ya Morogoro haliko upande wa dhambi wala upande wa mtihani. Upofu haukuwekwa mlangoni na mtengenezaji anayetaka kuona nani ni shujaa. Wajibu wa waumini uko katika mambo mawili: kumfuatilia adui anayeweza kuzuiwa, kama walivyofanya Mvumi na Kongwa, na kumwekea sauti njiani yule ambaye upofu wake haukuzuiliwa.

Vijana wa Dodoma wanaosomea kuandika programu, na wapo wanaoota kutengeneza gemu za Kiswahili, wasisubiri gemu ikamilike ndipo wamfikirie asiyeona; wamwite siku ya kwanza, akae kwenye kiti cha mchezaji, wamuulize amekufa wapi na kwa nini. Wachungaji na mashehe wafanye vivyo hivyo kabla ya kuandaa hotuba kuhusu majaribu. Buigiri haiko mbali, na basi lolote la Morogoro linapita hapo.