Yeye na Wewe katika Nyimbo za Sifa

Wimbo wa sifa ni maneno yenye mwenyewe. Hadithi husimuliwa yeyote aliye na masikio, na kitendawili hutegwa kwa yeyote aliye na akili. Lakini wimbo wa sifa hupelekwa kwa mmoja tu. Humwita kwa jina lake, humkumbusha mambo yake, na mwisho humsalimu au humwomba. Mwanachuoni aufunguapo wimbo huo mezani pake husoma maneno ambayo hakuandikiwa yeye. Kwa hiyo swali lifuatalo lastahili kupimwa: je, mtu asiyemwita anayeitwa aweza kuufahamu wimbo wake? Na kama aweza, ana haki gani ya kuwaambia waimbaji ya kuwa maneno yao yana maana ambayo wao hawakuikusudia?

Swali hili si la maktaba peke yake. Huko Ziwani, katika nchi ya Mtwara iteremkayo kwenye mlango wa mto Ruvuma, na katika pwani ile ya minazi na mikoko kutoka Mikindani hata Msimbati, maulidi yana mahali pake katika maisha ya watu kama yalivyo katika pwani nzima ya Waswahili. Kitabu kilichoenea kuliko vyote ni cha Jaafar al-Barzanji, mwanachuoni wa Madina wa karne ya 18. Msomaji huketi, na watu huketi. Udi hufukizwa, marashi hunyunyizwa, na habari za nasaba ya Mtume Muhammad husomwa mlango baada ya mlango, wasikilizaji wakiitikia kwa kumsalia. Mpaka hapo Mtume ni “yeye”. Lakini kisomo kifikapo penye kuzaliwa kwake watu husimama, wazee kwa watoto, na maneno hugeuka. Aliyekuwa akisimuliwa sasa anasalimiwa. “Yeye” amekuwa “wewe”. Salamu zikiisha watu huketi tena, na kisomo huendelea.

Mgeuko huu ni wa kale sana katika nyimbo za binadamu. Wayunani wa zamani, ambao waliabudu miungu mingi, wameacha nyimbo za sifa 33 zilizopokewa kwa jina la Homer, ingawa wanachuoni wa leo hawasadiki kwamba alizitunga yeye, wala kwamba zote ni za mtunzi mmoja. Zilizo ndefu miongoni mwao ni za kuwasifu Demeter, Apollo, Hermes na Aphrodite. Kwa kawaida mtunzi huanza kwa kutaja mungu atakayemwimba, humsimulia kama mtu asimuliavyo habari za aliye mbali, kisha mwishoni humgeukia, humpa salamu ya furaha, na kuagana naye. Mwaka 1903 Karl Ausfeld alizigawa sala za Wayunani katika sehemu tatu: kuita, kusimulia na kuomba. Mwaka 1913 Eduard Norden alipambanua sifa zisemwazo kwa “wewe” na zile zisemwazo kwa “yeye”. Yamkini hakuna mwimbaji wa Ziwani aliyepata kusoma kitabu cha Norden. Walakini kila aliyesimama katika maulidi aijua tofauti hiyo kwa miguu yake.

Ni lazima kutahadhari hapa. Kufanana kwa umbo si kufanana kwa imani. Myunani alimwimbia mungu wake, ilhali Mwislamu hamwabudu Mtume. Humwabudu Mungu mmoja, na Mtume humsifu kwa kuwa ni mjumbe Wake. Kinachofanana ni kile kitendo cha kugeuka, cha kutoka katika kumsema mtu na kuingia katika kusema naye. Na kitendo hicho ndicho kinachomtia mashakani mfasiri, maana kazi yake yote ni kuugeuza wimbo kinyumenyume: palipokuwa na “wewe”, yeye huandika “yeye”. Mwimbaji husema, “Ewe, nisikie”, mfasiri huandika, “Hapa mtunzi anaomba asikiwe.” Maneno ni yale yale, lakini mlango umefungwa.

Hata hivyo ingekuwa dhuluma kumlaumu mfasiri bila kuhesabu wema wake. Utenzi wa Demeter, wenye karibu beti 500 za mstari mmoja mmoja, ulikuwa haujulikani kwa wasomi mpaka mwaka 1777, Christian Friedrich Matthaei alipoiona hati yake mjini Moscow. Hati hiyo, ambayo sasa imehifadhiwa Leiden, ndiyo pekee iliyouleta utenzi huo kwetu ukiwa karibu mzima. Waliomwabudu Demeter walikuwa wamekwisha kwa zaidi ya miaka elfu. Kama asingekuwapo msomi mwenye subira, sauti yao ingalikufa pamoja nao. Katika Afrika Mashariki vilevile, hati za Kiswahili zilizokusanywa katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam katika miaka ya 1960, na ambazo J. W. T. Allen alizitolea orodha mwaka 1970, zimeokoa tungo nyingi na mchwa, na mvua, na usahaulifu wa warithi. Mfasiri huzika, lakini pia hufukua.

Lakini je, kinachofukuliwa ni wimbo, au ni mifupa ya wimbo? Mwaka 1893 Wafaransa waliokuwa wakichimba Delphi walipata mawe yaliyochorwa sifa za Apollo pamoja na alama za sauti zake. Mwaka uliofuata mojawapo iliimbwa mjini Paris, Gabriel Fauré akiwa ameitungia ala za kuifuatia, mbele ya mkutano ulioanzisha michezo mipya ya Olimpiki. Wasikilizaji waliguswa mioyo. Maneno yalikuwapo, na sauti ilikuwapo. Aliyeitwa hakuwapo, na hakuna aliyemtazamia. Wimbo ule ulifika kila mahali isipokuwa pale ulikotumwa.

Yawezekana mtu akajibu kwamba hata mwimbaji mwenyewe mara nyingi haujui wimbo wake. Katika vijiji vya pwani ya Ruvuma wako wazee ambao wamesoma Barzanji kwa moyo tangu utoto, nao hawawezi kukufasiria mstari mmoja wa Kiarabu chake. Mwanafunzi aliyerudi kutoka chuoni aweza kuwaeleza kila neno. Basi nani aujuaye wimbo: yule ajuaye maana asiyemwita mtu, au yule amwitaye mtu asiyejua maana? Jibu rahisi ni kwamba kila mmoja ana nusu yake. Lakini nusu hizo si sawa. Mtoto mchanga alilipo hajui maneno, na mama yake hujua kwamba ameitwa. Kinyume chake, mtu aweza kuijua sarufi ya salamu yote asimsalimu hata jirani. Mwenye maana bila mwelekeo amekosa kile ambacho wimbo ulitungwa kwa ajili yake. Mwenye mwelekeo bila maana amekosa kitu kikubwa, lakini aweza kufundishwa.

Kama jambo hili lingekuwa la Wayunani tu, lingeweza kuachwa hapo. Huku kusini mwa Tanzania limekwisha kuingia hata makaburini. Tangu miaka ya 1980 na 1990, vijana waliosoma dini kwa njia mpya wameanza kuyapima mapokeo ya wazee wao kwa maana ya maneno. Wamesema ya kuwa kumsimamia Mtume na kumwambia “wewe”, kana kwamba yupo chumbani, ni bidaa, na kwamba yaweza kumfikisha mtu kwenye shirki. Ubishi umefika kwenye jeneza: lisindikizwe kwa dhikri ya sauti, kama walivyozoea wazee wa tarika, au kwa kimya? Felicitas Becker, aliyeandika juu ya Waislamu wa Lindi na Mtwara katika kitabu chake cha mwaka 2008, ameyachunguza pia mabishano hayo ya mazishi. Hapo msomaji aone jinsi tafsiri isivyokuwa mchezo. Sentensi moja juu ya maana ya wimbo yaweza kuwatenga ndugu wawili siku ya kumzika baba yao.

Utenzi wa Demeter una kisa ambacho chafaa kuwa kioo cha jambo hili. Mungu yule wa kike, akimlilia binti yake aliyetekwa, alifika Eleusis katika sura ya mwanamke mzee, akapewa mtoto mchanga kumlea. Kila usiku alimficha mtoto katika moto, apate kumtoa katika mauti. Usiku mmoja Metaneira, mama wa mtoto, alichungulia. Akamwona mwanawe motoni, akapiga ukelele. Mungu akakasirika, akamweka mtoto chini, na kazi ikavunjika.

Metaneira hakusema uongo. Mtoto alikuwa motoni kweli. Alichokosa ni kujua aliyemshika ni nani. Ndiyo hali ya mfasiri aliye nje: huona sawasawa, na huhukumu vibaya. Walakini kisa hiki kina upande wa pili ambao haki hairuhusu kuufunika. Mama aonaye mwanawe katika moto akanyamaza ni mama gani? Kijana adhaniye kwa dhati ya kuwa baba yake anakaribia shirki hawezi kuambiwa anyamaze kwa ajili ya adabu. Ukelele wake ni wa upendo pia. Kosa haliko katika kulia. Kosa liko katika kulia kabla ya kuuliza.

Iko njia ya tatu, nayo ilikwisha kupitwa zamani. Katika karne ya 3 kabla ya Kristo, Cleanthes, aliyeongoza chuo cha Wastoa mjini Athens baada ya Zeno, alikuwa hasadiki visa vya miungu kama watu wa kawaida walivyovisadiki. Kwake yeye Zeus alikuwa akili na sheria iongozayo ulimwengu. Angaliweza kuandika kitabu cha kuwacheka waimbaji. Badala yake alitunga wimbo wa kumsifu Zeus. Akamwita, akamsimulia, na mwisho akamwomba awaokoe wanadamu na ujinga wao. Alibadili maana, lakini alihifadhi “wewe”. Alisimama miongoni mwa wasimamao, na kutoka hapo akawafundisha.

Si kila mfasiri aweza kufanya kama Cleanthes, wala haimpasi mtu kujifanya anasali ilhali hasali. Unafiki ni tusi kwa wimbo kuliko ukimya. Lakini deni moja halimwepuki yeyote. Aandikapo “yeye” mahali pa “wewe”, na akumbuke kwamba amegeuza, na awaambie wasomaji wake kwamba amegeuza. Akisikia salamu asiyoielewa, na amuulize msalimu anamsalimu nani na kwa nini, naye alisikilize jibu kama ushahidi, asilihesabu kuwa ujinga. Na akijua maana ambayo mzee wa Ziwani haijui, na airudishe kwake kwanza, kabla ya kuipeleka katika jarida; kwa kuwa maarifa yaliyochumwa katika shamba la mtu yana mwenyewe.

Basi asiyemwita anayeitwa aweza kuufahamu wimbo wa sifa, kama vile mtu mwenye uaminifu awezavyo kushika barua ya mwenzake. Aweza kuisoma kwa niaba ya asiyejua kusoma. Aweza kuifafanua herufi iliyofutika. Aweza kuihifadhi isiliwe na mchwa. Jambo moja haliwezi: kubadili jina lililoandikwa juu ya bahasha.