Kipande cha Tofali

Msomaji mpenzi, nataka kukuuliza swali ambalo niliiuliza nafsi yangu mara nyingi kabla ya kuthubutu kuliandika. Kitu kidogo kisicho na bei, kilicholala chini mavumbini, kisichoonekana kuwa na mwenyewe, ambacho hakuna atakayejua kuwa kimeondoka: je, kukichukua ni wizi? Usiharakishe kujibu. Mimi niliharakisha, tena nilijibu kwa mkono kabla ya kujibu kwa akili, na aibu niliyoipata ndiyo iliyozaa insha hii.

Nilikuwa katika nchi ya Thailand, nilikokwenda kuhudhuria mkutano wa walimu mjini Bangkok. Mkutano ulipokwisha tulibakiwa na siku moja, na wachache kati yetu tukakubaliana kukodi gari na kiongozi wa kututembeza Ayutthaya, mji wa kale ulio umbali wa kilomita 80 hivi upande wa kaskazini. Kiongozi wetu alikuwa mama wa makamo, mfuasi wa dini ya Budha, mwenye sauti ya upole na mwendo wa haraka. Alipofahamu kuwa sote tulikuwa walimu alicheka, akasema kuwa siku hiyo walimu watakuwa wanafunzi. Hakujua, wala mimi sikujua, jinsi neno hilo lingenipata.

Mji wa Ayutthaya ulijengwa katikati ya karne ya 14 mahali panapokutana mito mitatu, na maji yakauzunguka hata ukawa kama kisiwa. Kwa muda wa miaka 400 na zaidi ulikuwa makao ya wafalme wa Siam, ambalo ndilo jina la zamani la nchi ile. Wafanyabiashara wa Uchina, Ujapani, Uajemi, Ureno na Uholanzi walifika huko kwa jahazi na merikebu. Ukiona vyaelea, vimeundwa. Na mji ule uliundwa kwa mamilioni ya matofali mekundu, yaliyopangwa moja juu ya jingine na mikono ya watu ambao majina yao hayakuandikwa popote. Kisha mwaka 1767 jeshi la Burma, baada ya kuuzingira mji kwa zaidi ya mwaka mmoja, liliingia ndani na kuutia moto.

Asubuhi tulipelekwa kwanza kwenye hekalu la Wat Phra Si Sanphet, lililokuwa hekalu la jumba la mfalme. Huko husimama minara mitatu mikubwa yenye umbo la kengele, iliyojengwa kuhifadhi majivu ya wafalme. Mama yule alituambia kuwa zamani palikuwa na sanamu ya Budha aliyesimama, yenye urefu wa mita 16 hivi, iliyofunikwa kwa dhahabu. Washindi waliiwashia moto ili dhahabu iyeyuke waichukue. Tukatikisa vichwa kwa masikitiko, kama watu wafanyavyo wasikiapo ubaya wa watu wengine.

Kutoka hapo tulikwenda Wat Ratchaburana. Hekalu hili lilijengwa mwaka 1424 na mfalme ambaye alipata ufalme kwa njia ya huzuni. Kaka zake wawili waligombea kiti cha baba yao, wakapigana juu ya tembo, wakafa wote wawili. Yeye, mdogo wao, akatawala, na mahali walipochomwa maiti zao akajenga hekalu. Ndani ya mnara alificha chumba cha vitu vya thamani kwa ajili ya wafu wake. Chumba kile kilikaa salama zaidi ya miaka 500. Moto wa mwaka 1767 haukukifikia. Lakini mwaka 1957 wezi walichimba usiku, wakaingia, wakabeba dhahabu. Baadhi ya vitu viliokolewa, na serikali ilipochunguza chumba ikavipata vingine vilivyobaki. Leo vimewekwa katika jumba la makumbusho lililofunguliwa mwaka 1961 mjini humo humo. Wezi hawa hawakuwa askari wa taifa jingine. Walikuwa watu wa kizazi cha juzi tu, na waliiba kwa sababu walijua kuwa yupo atakayenunua.

Adhuhuri tulifika Wat Mahathat. Hapo, msomaji, ndipo utakapoona jambo ambalo hutalisahau. Kando ya ukuta zimekaa sanamu za Budha safu kwa safu, zimekunja miguu, mikono imetulia mapajani, na nyingi hazina vichwa. Nyingine zilivunjwa wakati wa vita. Nyingine zilikatwa vichwa baadaye na wezi, kwa kuwa kichwa ni chepesi kukibeba kuliko mwili mzima na hupendeza kukiweka juu ya meza sebuleni. Kichwa kimoja kilianguka chini, na mti ukakua ukakizungushia mizizi yake, hata uso ule mpole unachungulia kutoka ndani ya mizizi kama mtoto aliyefunikwa kanga. Mgeni anayetaka kupiga picha hapo huombwa achutame, ili kichwa chake kisiwe juu ya kichwa cha Budha. Tena hukatazwa kusimama nyuma ya sanamu isiyo na kichwa na kuweka kichwa chake mahali pa kile kilichokatwa, kwa mzaha. Tulichutama sote, wakristo na waislamu, wala hapana hata mmoja aliyeona kuwa dini yake imepungukiwa.

Basi katika hali hiyo ya heshima ndipo nilipokosa. Wenzangu walikuwa wametangulia. Chini ya ukuta niliona kipande cha tofali, kikubwa kama kibiriti, kimemeguka na kulala majanini. Niliwafikiria wanafunzi wangu wa darasa la historia. Nilijiona nimesimama mbele yao, nikikizungusha kipande kile mkononi na kuwaambia, "Hiki kimetoka katika mji wa wafalme." Nikakiokota, nikakitia mfukoni.

Yule mama alikuwa nyuma yangu. Hakupiga kelele, wala hakuniita mwizi mbele ya wenzangu. Alisogea karibu, akaniuliza kwa sauti ya chini, "Mwalimu, kitu hicho umepewa na nani?"

Nilitaka kujibu, na majibu yalinijia upesi, kama yajavyo siku zote kwa mtu mwenye hatia. Nakuomba tuyapime pamoja, kwa kuwa siku moja nawe yatakujia.

Jibu la kwanza lilisema: ni kitu kidogo. Lakini wahenga wetu walikwisha kulivunja jibu hili waliposema kuwa chovya-chovya yamaliza buyu la asali. Mji mzima ni vipande vya tofali. Kama kila mgeni ana haki ya kipande kimoja, basi wageni wote wana haki ya mji wote. Udogo wa kitu hupunguza hasara, lakini haugeuzi tendo.

Jibu la pili lilisema: mji huu umekufa, hauna mwenyewe. Hata hili halikusimama, kwani mbele ya sanamu zile zilizokatwa vichwa nilikuwa nimeona maua mabichi na vijiti vya ubani vilivyowashwa asubuhi ile ile. Majumba yameanguka, lakini anayeinama mbele yake yu hai. Aliyedhani kuwa mahali pale hapana mwenyewe alikuwa mimi peke yangu, kwa kuwa mwenyewe hakufanana nami.

Jibu la tatu lilikuwa na nguvu zaidi, na watu wenye elimu hulitumia sana. Lilisema: mimi nitakitunza vizuri na kuwafundishia watoto, ilhali hapa kitaoza kwa mvua. Jibu hili huvaa mavazi ya wema. Hata hivyo hebu lifikirie. Mtu aliyenunua kichwa cha sanamu na kukiweka katika kabati la kioo, naye pia alikitunza. Pengine alikipenda kweli, akakifuta vumbi kila siku. Lakini upendo wake ndio uliomlipa mwenye msumeno. Askari wa mwaka 1767 aliharibu kwa chuki, na mnunuzi wa karne yetu ameharibu kwa mapenzi. Sanamu imekosa kichwa vile vile. Basi kukipenda kitu hakumpi mtu haki juu yake.

Huenda wewe, msomaji hodari, utanipinga. Utasema kuwa wenyeji wenyewe walichukua vitu vya Ayutthaya. Ni kweli. Bangkok ulipofanywa mji mkuu mwaka 1782, matofali mengi ya mji ulioungua yalipakiwa mashuani, yakateremshwa mtoni, yakajengea kuta za mji mpya. Ni kweli pia kuwa jumba lile la makumbusho lilijengwa kwa michango ya watu, na waliochanga walipewa kwa hisani vibao vidogo vya sanamu vilivyopatikana katika chumba kile cha siri. Je, hao nao walikuwa wezi?

Sidhani. Tofauti haiko katika kukihamisha kitu wala kukiacha mahali pake. Iko katika ridhaa. Mrithi aliyebomoa nyumba ya babu yake ili ajenge mpya aweza kulaumiwa kwa mambo mengine, lakini hawezi kulaumiwa kuwa amenyang'anya. Aliyepewa kibao alikipokea kutoka kwa watu waliokuwa na dhamana ya kukitoa. Mimi sikupewa. Hapo ndipo nilipoelewa kuwa swali la yule mama halikuwa la bahati tu. Wafuasi wa Budha wana maagizo matano ya mwenendo mwema, na la pili humtaka mtu ajizuie kuchukua kitu asichopewa. Angalia maneno hayo. Hayaulizi kama kitu kina bei, wala kama mwenyewe anatazama, wala kama atakikosa. Yanauliza jambo moja tu: umepewa? Kipimo hiki ni kigumu kuliko kile nilichokizoea, kwa kuwa mimi nilizoea kungoja mtu aseme "hiki ni changu" ndipo niuzuie mkono wangu.

Usidhani kuwa haya ni mambo ya mbali yasiyotuhusu. Wagiriama na jamaa zao wa pwani yetu ya Kenya huchonga vigango, nguzo za mbao za kuwakumbuka wazee wa chama cha Gohu waliofariki. Kigango kikishasimamishwa hakistahili kung'olewa, hata kikiliwa na mchwa; kuoza kwake ni sehemu ya safari yake. Lakini vingi viling'olewa usiku, vikauzwa kwa wageni, vikaishia katika majumba ya watu na ya makumbusho huko Marekani. Waliovinunua walisema kuwa ni kazi nzuri ya sanaa, na kweli ni nzuri. Lakini waliovisimamisha hawakuulizwa. Mwaka 2007 vigango viwili vilivyoibwa mwaka 1985 kutoka mji mmoja vilirudishwa nchini baada ya kugunduliwa katika makumbusho mawili ya huko. Vingine vimerudi baada ya hivyo, lakini vingi havijulikani vilitoka mji gani. Vimerudi nchini, havikurudi nyumbani.

Nilipomsikia yule mama nilikitoa kipande mfukoni. Alininyoshea mkono kunionyesha nikirudishe, nami nikageuka kuutazama ukuta. Hapo nikatambua jambo la kufedhehesha: sikuweza kukumbuka mahali hasa nilipokiokota. Palikuwa na vipande vingi, na majani yalikuwa mamoja. Ilikuwa imepita dakika chache tu, nami nilikuwa nimekwisha kupotea njia ya kurudisha. Nikakiweka chini mahali nilipodhani ndipo, nikaomba radhi. Yule mama akainamisha kichwa, akaniambia, "Twende, mwalimu, wenzako wanangoja." Hakulitaja tena jambo lile mpaka jioni.

Kabla hatujaondoka alituonyesha jengo moja refu lenye sanamu kubwa ya Budha wa shaba nyeusi, aliyetiwa dhahabu. Jengo la kale liliungua mwaka 1767. Lilipojengwa upya katika miaka ya 1950, waziri mkuu wa Burma, U Nu, alifika Ayutthaya akatoa mchango wa fedha kwa kazi hiyo. Yeye hakuwasha moto ule. Ulikuwa umezimika karibu miaka 200 kabla yake. Lakini alijua kuwa waliouwasha walikuwa watu wa kwao, naye hakusema kuwa ni mambo ya kale yasiyomhusu. Sijui kama fedha zaweza kulipa mji ulioungua. Najua tu kuwa jengo lile lina paa leo, na kuwa watu wa mataifa mawili wanaweza kuingia ndani yake bila kutazamana kwa chuki.

Sasa nakurudishia swali nililoanza nalo, nalo ni lako. Kesho utaona kalamu iliyosahauliwa juu ya dawati, ukurasa wenye picha nzuri katika kitabu cha maktaba, embe lililoanguka upande wa pili wa ua. Moyo utakuambia kuwa ni kidogo, kwamba hakina mwenyewe, kwamba wewe utakitumia vizuri zaidi. Majibu hayo nimeyajaribu yote matatu, na ninayafahamu. Basi kabla ya kuutia mkono mfukoni, jiulize kama nilivyoulizwa mimi, polepole na bila kelele: umepewa na nani?