Mwenye Elimu na Mali Yake

Je, mtu aliyevumbua jambo kwa jasho lake ana haki ya kulifungia kama mali ya nyumbani, au ana wajibu wa kuligawa kwa wanadamu wote? Swali hili lilibisha hodi Paris, nyumbani kwa Pierre Curie na mkewe Marie, mzaliwa wa Poland.

Mwaka 1898 wawili hawa walitangaza kuwako kwa radiamu. Walifanya kazi katika banda bovu, wakichemsha na kuchuja mabaki ya madini, tani kwa tani, hata mwaka 1902 ikapatikana sehemu moja ya kumi ya gramu ya chumvi yake. Viwanda vilipotaka kujua njia yao, mlango wa utajiri ulikuwa wazi: sheria ingewapa haki ya pekee. Hawakuiomba. Waliitoa njia yote bila ya malipo, kwa hoja kwamba kuifungia ni kinyume cha roho ya sayansi.

Tenda wema uende zako, wasema wahenga. Lakini wema nao una gharama. Radiamu ikawa ghali kuliko dhahabu. Pierre alifariki mwaka 1906, na kufikia 1920 mjane wake hakuweza kununua gramu moja zaidi kwa utafiti wake. Wanawake wa Marekani walichanga dola zipatazo 100,000, na mwaka 1921 Rais Harding akamkabidhi gramu hiyo. Hata hapo Marie alitaka hati iseme kuwa ni mali ya maabara, si yake.

Apimaye kwa mizani ya biashara atasema: lau wangalijiwekea haki yao, wangalipata zana bora, na faida ingaliwarudia wanadamu. Hoja hii ina uzito, maana ufukara wa mwanachuoni si fadhila. Lakini elimu haifanani na shamba. Shamba likigawanywa hupungua. Elimu ikigawanywa huongezeka. Marie hakupungukiwa kwa kuwa alitoa, bali kwa kuwa waliopokea hawakurudisha kwa kadiri ya walichopewa.

Basi ukarimu wa mwenye elimu haufuti deni la jamii, ndio unaolianzisha. Mwaka 1995, miaka 61 baada ya kifo chake, Ufaransa iliyahamishia Panthéon masalia ya Marie na mumewe. Kaburi tukufu ni heshima kwa wafu. Zana za kazi ni haki ya walio hai.