Hiba na Akili ya Mtoaji

Ndugu msomaji, mali ni ya mwenyewe, naye ana haki ya kumpa amtakaye. Lakini mara nyingi hutokea kwamba mzee aliyedhoofika kwa maradhi hutia dole gumba katika hati na kumkabidhi mtoto mmoja nyumba au shamba. Mzee afapo, ndugu wengine huenda mahakamani wakidai kwamba siku ile hakuwa na akili timamu. Hapo ndipo lawama husikika: Hakimu ana haki gani ya kuichungua akili ya marehemu? Je, huko si kumvunjia mzazi heshima na kuuingilia uhuru wake?

Ili tupate jibu, yatupasa kwanza kujua hiba ni nini. Hiba si karatasi wala si alama ya dole. Hiba ni nia inayoongozwa na akili, na hati ni shahidi wake tu. Mtu akiushika mkono wa aliyelala, akautia wino na kuukandamiza karatasini, nani atasema kwamba aliyelala ametoa? Basi yule ambaye fahamu zake zimelala kwa maradhi ana tofauti gani naye? Hakimu anayeuliza kama mtoaji alifahamu alilolitenda haupingi uhuru wake. Anatafuta kujua kama uhuru huo ulikuwapo.

Lakini isidhaniwe kwamba kila mgonjwa amepotewa na akili. Mwaka 1870 mahakama ya Uingereza, katika kesi ya Banks na Goodfellow, iliukubali wasia wa mtu aliyeamini kwamba anaandamwa na pepo wabaya na mtu aliyekwisha kufa. Kwa nini? Kwa sababu dhana zake hizo hazikugusa mgawanyo wa mali yake. Alijua maana ya wasia, alijua anacho nini, na aliweza kuwapima watu wenye haki ya kukumbukwa naye.

Tena mwaka 1978, Mahakama Kuu ya nchi hiyo iliamua shauri la mama mjane, mgonjwa hospitalini, ambaye fahamu zake zilikuwa zimeharibika sana kwa uzee. Alitia sahihi hati ya kumpa binti yake mkubwa nyumba, ambayo ndiyo mali yake pekee yenye thamani. Baada ya kufa kwake watoto wengine wawili walipinga, na mahakama ikaibatilisha hiba ile. Binti yule ndiye aliyekuwa akiishi na mama yake na kumtunza. Lakini swali halikuwa wema wa binti, bali fahamu ya mama. Jaji alieleza kwamba zawadi ndogo yahitaji ufahamu mdogo. Bali mtu anayetoa karibu yote aliyo nayo lazima afahamu kama afanyaye wasia, akijua kiasi cha mali yake na haki za wote wanaoweza kuitarajia.

Mwenye kuisoma Kurani Tukufu hatalistaajabia jambo hili. Katika Sura Al-Baqara, aya ihusuyo maandishi ya madeni, imeamriwa kwamba mtu mpungufu wa akili, au dhaifu, au asiyeweza kuandikisha mwenyewe, basi msimamizi wake aandikishe badala yake kwa uadilifu. Udhaifu wa mtu, basi, si nafasi ya kumnyang'anya, bali ni sababu ya kumlinda.

Hivyo, anayepaswa kuuliza kabla ya hakimu ni mpokeaji mwenyewe. Ukipewa shamba na mzazi mgonjwa, usikimbilie wino. Waite ndugu zako, ita mashahidi wasio na faida katika jambo lile, mlete na tabibu. Na kama siku ile mzee hawatambui wanawe, ikunje hati. Wala hukumu hii haibadiliki kwa kuwa mpokeaji ni msikiti au jumuiya ya dini. Mwenyezi Mungu hana haja ya sadaka ya mtu asiyejua kwamba ametoa.

Labda utauliza: Je, mtoaji akiwa na akili timamu, yote yamekwisha? La. Mahakama hukomea kwenye ufahamu, lakini dini huendelea mpaka kwenye haki. Baba yake Nu'man bin Bashir alikuwa mzima wa akili alipomwendea Mtume Muhammad s.a.w. ili amshuhudie akimpa mwanawe huyo zawadi. Mtume s.a.w. alimwuliza kama amewapa watoto wake wote mfano wake. Aliposema hapana, Mtume s.a.w. alimwagiza amche Mungu na kufanya uadilifu baina yao, naye akairudisha zawadi ile.

Basi, ndugu msomaji, ukitaka kutoa, toa ungali mzima, mbele ya watu, na kwa haki. Na ukipewa, hakikisha kwamba aliyekupa alijua anakupa. Mwenyezi Mungu atulinde na mali ambayo mwenyewe hakuitoa. Amin.