Mlinda Mlango wa Nchi Mbili

Uaminifu husifiwa na kila mtu, lakini sifa hizo aghalabu hupewa mtu mwenye kwao kumoja. Mtu huyo akiulizwa wa wapi, hujibu kwa neno moja, na neno hilo hutosha. Yuko mwingine, na hesabu ya walio mfano wake inazidi katika dunia ya leo, ambaye jibu lake halitimii kwa neno moja. Amezaliwa katika nchi moja na wazazi wa nchi nyingine. Lugha ya shuleni siyo lugha ya mama yake jikoni. Makaburi ya babu zake yako mbali na mahali kilipozikwa kitovu chake. Mtu huyo akitakiwa kuchagua, je, kuushika upande mmoja ni kuusaliti wa pili? Swali hili limewataabisha wanasheria na watawala, wala si jepesi kwa wanafalsafa. Pengine nuru yake huonekana zaidi mahali ambapo wenye elimu hawana desturi ya kupatazama: katika kiwanja cha mpira, baina ya milingoti miwili ya goli.

Mlinda mlango ni mtu wa peke yake katika kundi la watu kumi na mmoja. Nguo yake haifanani na ya wenziwe. Yeye peke yake ndiye aliyeruhusiwa kutumia mikono, tena katika eneo lake tu. Nyuma yake pana uwazi wa mita 7.32 kwa upana na mita 2.44 kwa kimo, nao ndio amana aliyokabidhiwa. Mshambuliaji akikosa mara tano na kufunga mara moja, huimbwa. Mlinda mlango akiokoa mara tano na kukosa mara moja, hulaumiwa. Kosa la wengine hufunikwa na wenzao walio nyuma yao. Kosa lake halina wa kulifunika, maana nyuma yake hakuna mtu.

Uzito wa kazi hiyo ulijulikana na Moacir Barbosa, mlinda mlango wa Brazil, aliyefungwa goli la pili na Uruguay katika kiwanja cha Maracanã mwaka wa 1950. Goli hilo liliinyima nchi yake Kombe la Dunia, na lawama zilimfuata Barbosa mpaka alipokufa mwaka wa 2000. Ulijulikana pia na Albert Camus, ambaye katika ujana wake alilinda mlango katika mji wa Algiers kabla ya kifua kikuu kumtoa kiwanjani. Camus alikuwa Mfaransa kwa taifa na mtoto wa Algeria kwa kuzaliwa. Vita vya Algeria vilipowaka mwaka wa 1954, pande zote mbili zilimdai awe wao kabisa, naye alipokufa mwaka wa 1960 madai hayo yalikuwa hayajakwisha. Mtu huyu alifahamu maana ya kusimama penye mlango, na maana ya kuwa na milango miwili.

Katika zama hizi mfano wa jambo hili ni Mamadou Samassa. Alizaliwa Ufaransa mwaka wa 1990, akalelewa katika mpira wa Ufaransa, na alipokuwa mtu mzima alivaa jezi ya Mali, nchi ya asili yake. Klabu iliyomtangaza ni Guingamp, ya mji mdogo katika Bretagne wenye wakazi wasiofika elfu kumi, lakini wenye kiwanja kinachoweza kuchukua watu wengi kuliko wakazi wote wa mji. Klabu hiyo ilipanda daraja la kwanza mwaka wa 2013, na mwaka wa 2014 ikatwaa Kombe la Ufaransa. Mwaka huohuo ililetewa mlinda mlango mwingine, Jonas Lössl kutoka Denmark, naye akashika nafasi ya kwanza. Baadaye Samassa alikwenda Troyes, kisha Sivasspor katika Uturuki, kisha akarudi Ufaransa katika klabu ya Laval. Haya si maisha ya nyota ambaye jina lake liko katika kila kinywa. Ni maisha ya mtu wa kazi, na kwa sababu hiyo yanafaa kwa mafunzo. Utukufu mkubwa huziba macho ya watazamaji, lakini kazi ya kawaida huacha tabia ya mtu ionekane.

Watoto wa Mali hawakufika Ufaransa kwa kudondoka mawinguni. Mali ilitawaliwa na Ufaransa mpaka mwaka wa 1960. Baada ya uhuru, wanaume wengi wa nchi kavu ya Kayes, upande wa magharibi, walivuka bahari kwenda kufanya kazi katika viwanda, majengo na barabara za Ufaransa. Mji wa Montreuil, pembeni mwa Paris, ulipokea wengi sana wao. Walilala wengi katika chumba kimoja, wakala kwa sahani moja, wakatunza fedha. Na kwa fedha hizo vijiji vyao vya asili vilipata visima, misikiti, zahanati na shule. Watu hao walikuwa wakilinda milango miwili kabla watoto wao hawajavaa glavu. Mchana walijenga nyumba za Wafaransa, na jioni walihesabu senti za kujenga kwao. Hakuna aliyewaambia kwamba jasho lao ni la usaliti.

Wachezaji wenye asili ya Mali wamelijibu swali la nchi mbili kwa namna tatu mbalimbali. Jean Tigana, aliyezaliwa Bamako mwaka wa 1955, aliichezea Ufaransa na kutwaa nayo ubingwa wa Ulaya mwaka wa 1984. Salif Keita, mwanasoka bora wa Afrika wa mwaka wa 1970, alipotakiwa na klabu yake ya Marseille achukue uraia wa Ufaransa, alikataa, na mwaka wa 1973 akahamia Valencia katika Hispania. Frédéric Kanouté alizaliwa Ufaransa na akawachezea vijana wa Ufaransa. Lakini sheria ya mpira wa dunia ilipolegezwa mwaka wa 2004 alijiunga na Mali, na mwaka wa 2007 akawa mchezaji bora wa Afrika, wa kwanza kupata heshima hiyo akiwa amezaliwa nje ya bara hili. Mmoja alihama, mmoja alikataa kuhama, mmoja alirudi mahali ambapo hakuzaliwa. Ni nani kati yao asiyekuwa mwaminifu? Mwenye kujibu kwa haraka na ajihadhari, kwa maana huenda anaipima imani ya mtu kwa rangi ya nguo.

Wako wanaosema kwamba njia mbili zilimshinda fisi. Hoja yao ni kwamba moyo ni mmoja, na mwenye kuugawa hana upande anaoupenda kwa kweli. Methali hiyo ni ya haki, lakini yafaa isomwe vyema. Fisi hakupasuka kwa sababu njia zilikuwa mbili. Alipasuka kwa sababu ya tamaa ya kuzifuata zote kwa wakati mmoja. Fainali ya mwaka wa 2014 iliyoipa Guingamp kombe ilichezwa Saint-Denis mnamo tarehe 3 Mei, na washindani wao, Rennes, walikuwa wa Bretagne pia. Watazamaji walipeperusha bendera za Bretagne kando ya mji mkuu wa Ufaransa, na hakuna aliyewauliza kama wao ni Wabretoni kwanza au Wafaransa kwanza. Goli la pili katika ushindi wa mabao mawili kwa sifuri lilifungwa na Mustapha Yatabaré, mzaliwa wa Beauvais na mchezaji wa Mali. Ikiwa Mbretoni anaruhusiwa kupenda mara mbili bila kushukiwa, kwa nini mtoto wa Mmali aulizwe swali ambalo jirani yake haulizwi? Tofauti haiko katika idadi ya mapenzi yao. Iko katika jicho la anayewatazama.

Hoja ya pili ni kali zaidi. Husemwa kwamba wengi waliozaliwa Ulaya huchagua nchi za wazazi wao kwa sababu nchi waliyozaliwa haikuwachagua. Mlango wa kwanza ukifungwa, wanabisha hodi wa pili. Na penzi lililoanza kwa kukosa, lina thamani gani? Haifai kukanusha kwamba jambo hili hutokea. Lakini mambo mengi mema ya wanadamu yana mwanzo wa namna hiyo. Mtu huoa mke ambaye hakuwa wa kwanza kumposa, akaishi naye kwa wema miaka arobaini. Mwalimu huingia darasani kwa sababu alikosa kazi aliyoitaka, akawa taa ya kizazi kizima. Ahadi haipimwi kwa sababu iliyoifanya itolewe. Hupimwa kwa jinsi inavyotimizwa. Sababu ni ya siku moja, na kutimiza ni kwa siku zote.

Hapo ndipo kazi ya mlinda mlango inapofundisha zaidi. Katika kundi, mlinda mlango wa kwanza ni mmoja, na wa pili hungoja. Mshambuliaji wa akiba ana matumaini ya kuingia kabla ya filimbi ya mwisho. Mlinda mlango wa akiba huweza kungoja mwaka mzima. Kila asubuhi huruka, huanguka, huchubuka magoti kwa ajili ya mchezo ambao atautazama akiwa amekaa. Uaminifu wa mwenye kucheza hulipwa kwa makofi. Uaminifu wa mwenye kungoja haulipwi na mtu, na kwa hiyo ni vigumu kuughushi.

Mali ilipokwenda Afrika ya Kusini kwa Kombe la Mataifa ya Afrika mwaka wa 2013, Samassa alikuwa katika kikosi, pamoja na Soumbeïla Diakité, mlinda mlango wa Stade Malien ya Bamako. Mmoja alikuwa mtoto wa ughaibuni, mwingine mtoto wa nyumbani. Wakati huo nchi yao ilikuwa vitani. Kaskazini ya Mali ilikuwa imetekwa na makundi yenye silaha, na tarehe 11 Januari majeshi ya Ufaransa yaliingia kupigana nayo. Tarehe 2 Februari rais wa Ufaransa, François Hollande, alizuru Timbuktu na Bamako, akashangiliwa. Na siku hiyohiyo, katika mji wa Durban, Mali ilicheza na wenyeji wa mashindano. Matokeo yalikuwa goli moja kwa moja, ikabidi zipigwe penalti. Diakité aliokoa, Mali ikashinda kwa tatu kwa moja, na hatimaye ikapata nafasi ya tatu. Sifa za siku ile zilikuwa za mtoto wa Bamako. Lakini Mmali aliyezaliwa Ufaransa alikuwamo katika furaha ileile, na hakuna kipimo cha kuonyesha kwamba fungu lake lilikuwa dogo.

Siku ile bendera mbili zilipepea pamoja, na mwenye nchi mbili hakuwa na shida. Hazikupepea hivyo daima. Serikali ziligombana, na mwezi wa Agosti mwaka wa 2022 askari wa mwisho wa Ufaransa waliondoka Mali. Urafiki wa dola ni kama upepo wa msimu. Huvuma kusi, huvuma kaskazi. Je, mwenye nchi mbili atakiwe kugeuza moyo wake kila upepo unapogeuka? Akifanya hivyo, atakuwa mtumwa wa watawala, si mwaminifu kwa watu. Mama yake hakuwa adui kwa sababu mabalozi walifukuzana. Wala jirani aliyemfundisha kudaka mpira hakuwa adui. Uaminifu wa kweli hukaa kwa watu na kwa kazi, na vitu hivyo viwili hudumu kuliko mikataba.

Lakini haki ina pande mbili, na ni dhuluma kumdai mtu uaminifu bila kumpa. Mwenye nchi mbili huitwa mwana siku anapookoa, na huitwa mgeni siku anapofungwa. Taifa linalofanya hivyo limemkopa mwanawe na kukataa deni. Wahenga walisema mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Methali hiyo hutumiwa kumkumbusha mgeni wajibu wake, lakini humkumbusha na mwenyeji pia. Aliyepewa jembe akalima si mgeni tena, na mavuno yakiwa mabaya, ubaya huo ni wa shamba zima. Mashabiki wa Tanzania waliliona hilo kwa macho yao: Djigui Diarra, aliyelelewa na klabu ileile ya Diakité, alijiunga na Young Africans mwaka wa 2021, na mwaka wa 2023 akawa mlindaji wake ilipofika fainali ya Kombe la Shirikisho la Afrika. Hakuna aliyemtaka aikane Mali ili aulinde vyema mlango wa Jangwani.

Husemwa pia kwamba mkataa kwao ni mtumwa. Neno hilo ni kweli, lakini halikusema kwamba kwao kwa mtu lazima kuwe kumoja. Mwenye kwao kuwili akizikana zote ni mtumwa mara mbili. Akizitunza zote ana kazi mara mbili, wala hilo si aibu. Kuchagua jezi si kuchagua wazazi. Ni kukubali zamu. Mwenye zamu haulizwi alizaliwa upande gani wa mlango. Huulizwa kama alikuwa macho.